Ndiyo Niliyomjibu Hakimu

Groffs Run, Pennsylvania
Jumapili, 13 Septemba 1953

Mpendwa Shangazi Malinda,

Pokea salamu zetu sote katika jina la Bwana. Sisi huku hatujambo kwa neema yake, isipokuwa mgongo wa Mama, ambao unauma kila mvua inapokaribia, na wiki hii mvua imekaribia mara nne bila kunyesha. Tunatumaini wewe na Mjomba Yost mnaendelea vizuri huko Maryland, na kwamba kikohozi chake kimepungua. Tumbaku yetu iko ghalani imetundikwa. Mahindi bado. Juzi tulipika siagi ya tufaha, masufuria mawili, na kaka Reuben akaunguza la pili kwa sababu alikuwa anasimulia.

Nimerudi shule, na niko darasa la nane tena. Najua umesikia. Bi Hostetter hana pa kuniweka, kwa hiyo ananikalisha karibu na jiko nikiwasomesha wadogo wa darasa la kwanza. Jumanne afisa wa mahudhurio alikuja kutoka mjini. Reuben anamwita Bwana Mahudhurio. Jina lake la ukoo ni la Kijerumani kuliko letu, lakini ana gari na vifungo vinavyong'aa, kwa hiyo kwetu ni Mwingereza kama wote wasio wa kanisa letu. Alisimama mbele yangu na daftari lake.

"Uko darasa la ngapi?"

"La nane."

"Na mwaka jana?"

"La nane."

"Na mwakani?"

Nilifikiri. "Labda la nane, bwana."

Wadogo walicheka. Sikukusudia kuchekesha. Bwana Mahudhurio alimwambia Bi Hostetter kwamba aliyemaliza la nane mahali pake ni sekondari ya mjini, na kwamba sheria hainiachii mpaka nipate kibali cha kazi ya shamba. Kibali hicho hakitolewi kwa mtu ambaye hajafikisha miaka kumi na mitano, nami nitaifikisha tarehe tatu Machi. Baba ameitwa kwa hakimu. Anasema kanisa limekubaliana kuwa madarasa manane yanatosha, na hatanipeleka sekondari, basi. Reuben anasema nikiendelea hivi wajukuu wangu watanikuta darasa la nane.

Mama anauliza kama ulipata mbegu za figili.

Mwana wa kaka yako,
Savilla

Karatasi ndogo:

Shangazi, nafuata ulivyonifundisha ulipokuja kwenye mazishi ya Babu, kwamba karatasi kubwa isomwe mezani mbele ya wote na ndogo iwe ya mtu na mtu. Sina siri kubwa. Ni kwamba Bi Hostetter ameniazima kitabu cha ramani, na ninakisoma nikisubiri ndoo zijae. Kuna mto mmoja huko kaskazini ambao watu wameuchora mara nyingi na kila mara wamekosea. Nilitaka kumwambia mtu.


Maryland
Jumanne, 22 Septemba 1953

Mwanangu Savilla, na wote wa nyumba hiyo,

Amani iwe kwenu. Barua yako tuliipata Ijumaa, Yost akaisoma mara mbili, mara ya pili kwa ajili ya siagi iliyoungua. Sisi wazima. Kikohozi chake kimehamia usiku, mchana anakisahau. Mbegu za figili zilifika na panya wakazila, mwambie mama yako asitume nyingine, atume paka.

Elam kaka yangu, kama unasikia haya yakisomwa: nafasi ipo huku. Tulihama mwaka wa arobaini kwa sababu ya jambo hilihili, na huku hawajatusumbua. Mtoto anaweza kukaa nasi mpaka Machi. Kitanda kipo, chumba kile cha juu. Tandiko liko tayari, hulianika kila Jumamosi.

Savilla, ukifikishwa mbele ya Waingereza, jibu ulichoulizwa na usiongeze. Wewe ni mtoto wa kujibu kwa ukamilifu. Hilo ni zuri kwa Bi Hostetter peke yake.

Shangazi yako,
Malinda

Karatasi ndogo:

Mto gani huo? Uniandikie jina lake. Chumba kile ni cha Mattie wetu, unajua. Sijakitumia kwa lolote. Usiogope, hakina kitu.


Groffs Run
Jumapili, 11 Oktoba 1953

Mpendwa Shangazi,

Salamu nyingi kwako na kwa Mjomba. Kwa afya hatujambo. Mahindi tumeanza kuvuna, na mikono yangu imechubuka, lakini si kitu.

Alhamisi tulikwenda kwa hakimu. Ofisi yake iko juu ya duka la mbegu, kwa hiyo kesi nzima inanukia mbegu za majani ya ng'ombe. Tulikuwa Baba, Reuben, mimi na Shemasi Kristian Glick, aliyesema anakuja tu kwa sababu alikuwa na shughuli duka la chini. Hakimu ni mzee mwenye mafua. Alimuuliza Baba maneno machache, na Baba akajibu kwamba hatanipeleka, akiwa ameweka kofia magotini. Kisha hakimu akanigeukia mimi, kitu ambacho hakuna aliyenitayarishia.

Aliuliza kwa Kiingereza kama nitakwenda sekondari Jumatatu ya tarehe ishirini na sita, ikiwa sheria itanitaka. Shangazi, unalijua lile neno lao fupi, will. Kwao maana yake ni utafanya. Sisi katika Kijerumani chetu tuna neno la sauti ileile, na kwetu maana yake ni unataka. Nimesoma Kiingereza miaka tisa sasa na tofauti naijua vizuri. Lakini pale niliogopa, na nikiogopa masikio yangu yanarudi nyumbani. Nililisikia kwa lugha yetu.

Nikasema ndiyo.

Hakimu alipenga kamasi akafunga faili. "Nyinyi watu siwaapishi," alimwambia Baba, "kwa sababu nimeishi nanyi miaka arobaini na ndiyo yenu sijaiona ikigeuka. Nenda nyumbani, Bwana Riehl. Binti ameahidi."

Kwenye ngazi Shemasi alisema, "Savilla, umemwambia utakwenda."

"Sikusikia hivyo."

"Ulisikiaje?"

"Nilisikia vibaya."

Alinitazama kidogo, akaingia dukani, na akatoka bila kununua kitu. Njiani Reuben alianza mzaha wake, kwamba atanitengenezea kiti cha kubebea vitabu mgongoni mwa farasi, kisha akamwona Baba usoni akauacha. Tulipofika kwenye daraja Baba alisema, "Mtoto wangu amesema ndiyo. Sasa tufanyeje?" Hakuwa ananiuliza mimi. Sijui alikuwa anamuuliza nani.

Mwana wa kaka yako,
Savilla

Karatasi ndogo:

Leo sina la kuandika hapa. Naiweka tu ili usidhani nimesahau.


Maryland
Jumamosi, 17 Oktoba 1953

Wapendwa wote,

Salamu kutoka kwetu. Sisi tuko salama na tumbaku imekauka vizuri kuliko mwaka jana. Yost ameanguka kwenye ngazi ya ghala lakini aliangukia majani, akalala hapohapo nusu saa kwa raha zake.

Elam, jambo hili halina ugumu. Nenda kwa hakimu kabla ya tarehe ishirini na sita ukamwambie mtoto alilisikia neno kwa lugha yetu. Hajavunja neno ambalo hakulitoa. Atamuuliza upya, atajibu hapana, na mtabaki mlipokuwa. Huenda ukalala jela siku chache, kama wengine, lakini ndiyo haitakuwa shingoni mwa mtoto.

Shangazi,
Malinda

Karatasi ndogo:

Sasa wewe na mimi, mama.

Karatasi yako tupu nimeisoma. Kama ulisikia akiuliza unataka, na ukasema ndiyo, basi hukusikia vibaya tu. Ulijibu pia. Sitakuuliza zaidi, na usiniandikie kama hutaki. Ila nikikumbuka baba yako, najua yeye hufikiri polepole lakini hufika. Atafika hapo nilipofika mimi. Ningependa asifike akiwa amesimama mbele ya watu, na barua yangu kubwa ndiyo iliyompeleka. Nimekwisha kuiandika na Yost anataka kuipeleka posta. Kwa hiyo, ukiona hii kwanza, mwambie mwenyewe.


Groffs Run
Jumapili, 25 Oktoba 1953

Mpendwa Shangazi,

Salamu. Sisi hatujambo, isipokuwa Baba hayupo.

Barua yako ilifika Jumatano wakati nipo shambani. Mama aliisoma mezani kabla sijakaa, na Baba aliinuka akiwa bado na uji mdomoni, akasema, "Malinda amesema sawa." Karatasi ndogo nilipewa baadaye. Alhamisi asubuhi yeye na Reuben waliondoka kabla sijamaliza kukamua. Ninayoandika hapa chini ni ya Reuben, ameniapia kuwa ndivyo ilivyokuwa. Hakuapa hasa, sisi hatuapi, unajua ninachomaanisha.

Baba alisema, "Binti yangu alilisikia neno lako kwa lugha yetu."

"Na kwa lugha yenu lina maana gani?"

"Unataka."

Hakimu akaweka kalamu chini. "Kwa hiyo nilimuuliza kama anataka kwenda shule. Naye akasema ndiyo."

Reuben anasema ni hapo Baba alipofika. Alimwona akifika. Masikio yake yalibadilika rangi.

"Bwana Riehl, je, binti yako anataka kwenda shule?"

Baba aliitazama kofia yake. Hakimu akamuuliza tena, kwa upole, na mara ya tatu kwa sauti. Reuben anasema saa ya ukutani ilikuwa na mlio kama mtu anayekata kucha. Baba angeweza kusema hapana, na ungekuwa uongo. Angeweza kusema ndiyo, na ingeandikwa pale, na Shemasi angejua, na kila mtu kanisani. Alisema, "Siwezi kujibu." Hakimu akasema basi ahadi ya binti inabaki kama ilivyo, na yeye atamtoza faini mzazi anayeizuia. Baba hakulipa. Kulipa ni kusema tumekosa. Kwa hiyo amepelekwa jela ya wilaya, siku tano.

Sikujua nyumba inaweza kukosa kitu kidogo namna hii. Tunapokaa kula tunainamisha vichwa, tunaomba kimya kama siku zote, na Baba ndiye hukohoa kidogo ili tujue maombi yamekwisha. Alhamisi jioni hakuna aliyekohoa. Tuliinama. Supu ikapoa. Nilisikia wadogo zangu wakianza kupumua kwa nguvu, na Mama hakuinua kichwa, na hakuna aliyethubutu. Mwishowe Reuben alikohoa, na wote tukatazama kiti cha Baba. Tangu siku ile tunafanya hivyo kila mlo. Tunatazama kwanza.

Na bomba la maji uani linanisema. Mpini ukishuka linasema "ya", ukipanda linasema "ya", yaani ndiyo, lugha yetu safi kabisa. Nimelitia mafuta mara mbili. Sasa linalisema kwa sauti ndogo zaidi.

Kesho ni tarehe ishirini na sita. Sitakwenda. Mama hajaniambia nisiende. Hakuna aliyeniambia kitu.

Mwana wa kaka yako,
Savilla

Karatasi ndogo:

Nataka, Shangazi. Sitaki kuwa Mwingereza. Sitaki nguo zao wala gari. Nataka tu kujua baada ya darasa la nane kuna nini. Baba yuko jela kwa sababu amekataa kusema neno ambalo mimi nililisema kwa urahisi, na amelikataa ili watu wasijue mimi ni nani. Afadhali angenichapa.

Mto ule unaitwa Coppermine. Niliuliza Bi Hostetter.


Maryland
Jumamosi, 31 Oktoba 1953

Wapendwa,

Tumesikia habari za Elam na tumeomba. Natumaini barua hii inamkuta nyumbani. Sisi wazima. Tumechinja nguruwe mmoja. Wiki ijayo kuna harusi mbili hapa na nimepewa kazi ya kuosha mabua ya figili, debe nane, kana kwamba watu huoa ili wale figili.

Elam, kula vizuri. Uji wa jela najua ukoje, Yost aliula mwaka wa thelathini na tisa na bado anausimulia.

Shangazi, na dada,
Malinda

Karatasi ndogo:

Savilla, haya sijamwambia mtu, hata Yost, ingawa yeye hulala kitanda kimoja nami na nadhani anayasikia.

Mattie alikuwa na miaka kumi na minne, kama wewe. Alimaliza la nane, na sheria ikamtaka kama inavyokutaka. Tuliuza shamba tukahamia huku kwa ajili yake, ili asikae miongoni mwa wale watoto wa mjini. Kisima cha hapa hatukukijua. Majira ya kwanza ya joto maji yalikuwa mabaya, na homa ya matumbo ikampata yeye peke yake. Alikaa siku kumi na tisa. Majirani walisema tulijitoa kwa ajili ya imani na Mungu akapokea, na mimi nikaitikia kwa kichwa.

Lakini kila Septemba shule zikifunguliwa namhesabia. Anakwenda darasa la tisa. Angekuwa mama wa watoto sasa, angekuwa na miaka ishirini na saba, na mimi bado namtayarishia darasa la tisa, nampigia pasi aproni. Kuna asubuhi nasikia benchi la chumba cha juu likivutwa, kama mtu anayekaa kuandika. Sipandi. Najua nikipanda nitakuta benchi liko palepale.

Sisemi tulikosea kuhama. Wengine walihama na watoto wao wamekua wakanenepa. Ninalolibeba ni dogo kuliko hilo. Wakati ule wote, mikutano ile ya wazee, mahakama, kuuza ng'ombe, hakuna aliyemuuliza Mattie anataka nini. Sikumuuliza. Labda angesema hataki shule, nami ningelala vizuri. Labda angesema anataka, na tungehama vilevile. Lakini sijui, na hakuna wa kumuuliza.

Wewe umeulizwa, hata kama ni kwa makosa. Usiniambie kwamba kusema ndiyo ni dhambi.

Kitanda kipo. Lakini usije kukilalia kwa sababu mimi ninaanika tandiko lake.


Maryland
Jumanne, 12 Januari 1954

Mwanangu Savilla,

Salamu za mwaka mpya. Hatujambo. Sijapata barua tangu Oktoba. Kutoka kwa wengine nasikia kwamba Elam yuko nyumbani na kwamba kesi imesimama, lakini anayenisimulia ni mke wa binamu wa Yost, na yeye husimulia kila jambo kama vile lilimpata yeye.

Hata karatasi kubwa haikuja. Kama niliandika jambo lililokuumiza, nisamehe. Kama barua ilipotea, niambie, nitajua la kufanya, ingawa sidhani ningeweza kuiandika mara ya pili.

Theluji imefika magotini. Yost anakusalimu.

Shangazi yako,
Malinda


Groffs Run
Alhamisi, 4 Machi 1954

Mpendwa Shangazi,

Salamu kwako na kwa Mjomba, na unisamehe. Sisi wazima. Mgongo wa Mama umepona kabisa, hajui kwa nini. Barua yako haikupotea. Nilianza kukujibu mara nyingi, na kila mara nilijiambia nisubiri mpaka jambo liishe ndipo nilisimulie. Sasa limekwisha, au siku zake zimekwisha. Leo hakuna karatasi ndogo. Nimeandika yote kwenye hii, na haitasomwa mezani. Utaona kwa nini.

Barua yako ya Oktoba ilifika Jumanne, na karatasi mbili zilikuwa zimegandamana kwa unyevu. Mama alisoma kubwa mezani, akageuza, akaendelea kusoma bila kujua amevuka. Alisoma mpaka kwenye kisima. Baba, ambaye alikuwa na siku saba tu tangu atoke, alinyoosha mkono akaichukua. Aliisoma yote kimya, akaikunja vizuri, akanipa. Kisha akakohoa, ingawa maombi tulikuwa tumeyamaliza zamani. Alitoka akaenda kwa ng'ombe. Shangazi, yeye ni kaka yako na ilikuwa ni siri yako, na mimi nilishindwa kuitunza. Hilo ndilo lililonizuia kuandika kwanza.

Alhamisi, tarehe tano Novemba, tuliitwa tena kwa hakimu, kwa kuwa sikuwa nimeonekana shuleni. Tulikuwa watu walewale, na Shemasi Kristian pia, safari hii bila kisingizio cha duka. Kwenye daraja Baba alisema, "Leo utajibu mwenyewe. Mimi nitakuwa nimekaa."

"Nijibu nini, Baba?"

"Malinda anasema hakumuuliza." Akavuta hatamu. "Basi, jibu."

Hakimu alikuwa bado na mafua, au amepata mengine. Aliniuliza upya, na safari hii alizungumza polepole kama mtu anayeweka vikombe mezani. "Binti, nauliza kwa Kiingereza changu. Utakwenda sekondari?"

Nikasema, "Hapana."

Akaandika. Nilidhani yamekwisha. Kisha akainua macho. "Sasa nauliza kwa lugha yenu, ambayo siijui. Unataka?"

Niliwasikia wote watatu nyuma yangu wakiwa hawapumui. Nilifikiri, kama nitasema hapana nitatoka hapa nikiwa mtoto mzuri, na nitakuwa nimesema uongo mbele ya Baba aliyelala jela ili asiuseme. Nikasema ndiyo.

Hakimu hakuliandika. Alikaa ameshika kalamu. "Kwa nini basi hutakwenda?"

"Kwa sababu ni mtoto wao," nilisema. Sikuwa na jibu lingine, na sasa, baada ya miezi minne ya kulitafuta, bado sina.

Alisema hawezi kumfunga mtu huyohuyo kila wiki mpaka Machi, na hawezi kujifanya hakuniuliza. Aliiahirisha kesi mpaka siku nitakayofikisha miaka kumi na mitano. Ila aliamuru basi la shule ya sekondari lipite kwetu. "Litasimama mwisho wa njia yenu kila siku ya shule, saa moja na nusu. Litafungua mlango. Akipanda, amepanda. Asipopanda, dereva ataandika hakuwepo. Mimi sitauliza tena."

Kwenye ngazi nilimsubiri Shemasi. Nilikuwa tayari kwa lolote. Aliweka mkono begani kwangu, mkono mzito, na akasema, "Nimesikia hapana yako, Savilla. Ilikuwa hapana nzuri."

"Na ile nyingine, Shemasi?"

"Masikio yangu ni ya mzee," alisema. "Ninasikia jibu moja moja."

Alikuwa ananihurumia, najua. Lakini tangu hapo jibu langu la pili halina mtu aliyelisikia. Reuben halitaji, yeye ambaye hutaja kila kitu. Mama ananipa kipande kikubwa cha mkate kuliko wadogo, halafu anaangalia pembeni. Wangenigombeza ningejua liko wapi. Sasa linazunguka nyumbani humu kama kitu kilichofiwa na mwenyewe, na kila mtu anapishana nalo mlangoni kwa adabu.

Na basi lilikuja. Lilikuja Jumatatu iliyofuata, saa moja na nusu, wakati nabeba makopo ya maziwa kwenda barabarani. Ni la njano, na taa zake huonekana tangu kilimani. Lilisimama. Mlango ulifunguka, na joto likatoka na kunigusa usoni, na nikaona ngazi tatu na nyuma yake watoto wamekaa. Dereva ni mwanamume mnene mwenye kofia ya masikio. Alisema, "Habari za asubuhi." Nikasema, "Nzuri." Tukasubiri, mimi na yeye. Kisha akaandika kwenye karatasi yake na mlango ukafungwa.

Kila siku, Shangazi. Hapana ile ya kwa hakimu niliisema mara moja. Hii niliisema kila asubuhi, na ngazi zile tatu ziko wazi. Kwenye theluji. Siku ya baridi kuliko zote dereva aliniambia, "Panda tu upate joto, sitakuandika." Nikamwambia asante, hapana. Siku moja msichana wa dirishani aliweka kitabu chake kwenye kioo, jina likinitazama. Sijui kama alinidhihaki au alinihurumia. Kilikuwa cha hesabu. Nililala nacho wiki nzima, kile nilichokiona, nusu ya jalada. Siku za Jumapili nililisikia lilipokuwa halipo. Na mara mbili au tatu nilimwona Mattie wenu ndani yake. Sikumjua sura, nilikuwa mtoto mchanga mlipohama, lakini alikuwa amekaa viti vya mbele na aproni iliyopigwa pasi, na hakunitazama. Nakuambia kwa sababu wewe hutacheka. Lilipoondoka alikuwa anakwenda nalo, na nadhani alikuwa anafika.

Jana ilikuwa tarehe tatu. Jumatatu Baba alikwenda kuchukua fomu ya kibali, na jana asubuhi iliwekwa mezani nitie sahihi. Pameandikwa kazi yangu, "msaidizi wa nyumba na shamba," kwa mwandiko wa karani. Nilitia sahihi kabla ya kukamua. Kisha nilibeba makopo ya maziwa ya jioni barabarani kama siku zote, ingawa nilijua. Saa moja na nusu basi lilitokea kilimani na taa zake. Lilikuja, likapita. Dereva aliinua vidole viwili kwenye usukani. Halikupunguza mwendo hata kidogo.

Nilirudi zizini. Baba alikuwa amekaa kwenye kigoda chake, kichwa kimeegemea ubavu wa ng'ombe, na ndoo yake ilikuwa kimya. Hakuwa anakamua. Nilikaa kwa ng'ombe wangu.

"Leo halikusimama," alisema.

Shangazi, katika miezi minne ile ndani ya nyumba hii hakuna aliyewahi kulitaja basi lile. Nilidhani nalisikia peke yangu.

"Halikusimama, Baba."

"Kila siku nilikuwa nasubiri mlango ufungwe," alisema. "Nilikuwa nahesabu. Ulikuwa ukichelewa kufungwa, nilikuwa nasema, leo amepanda."

Nilimuuliza kama ningepanda angefanya nini. Ng'ombe aligeuka kumtazama.

"Sijui," alisema. "Nilikuwa sijui kila siku."

Kisha akaanza kukamua, na mimi nikaanza. Tuliendelea hivyo mpaka ndoo zikajaa.

Mwana wa kaka yako,
Savilla